Kikwembe cha Papa Chukudu

Ulikuwa mwaka ule tulikula bugali na fromaji. Mutu wa Goma hawezi kuusahau. Ndege ziliacha kuruka, na zile fromaji za Masisi, maziwa ya ng'ombe yaliyogandishwa, za mviringo kama magurudumu, ambazo zamani zilipita juu ya vichwa vyetu kwenda kuliwa na wakubwa wa Kinshasa, zikabaki huku chini kwetu. Maharagi hayakushuka bei, viazi havikushuka, lakini fromaji ilijaa sokoni mupaka mubeba makala alikuwa anaila akitembea. Mimi nilikuwa nimezaa, nimeozesha, nimeona wajukuu, na sikuwa nimeionja hata siku moja. Wajukuu wangu waliikaanga ndani ya mawese. Mudogo kati yao akauliza kama ni sabuni.

Ndio mwaka ule jirani yangu Mushonaji alishona kikwembe chake.

Jina lake sitalisema. Hapa kwetu ukisema jina la mutu wanauliza kabila, ukisema kabila wanauliza kijiji, na kisha hakuna anayekusikiliza tena. Alikuwa Mushonaji, na watu wote wa avenue yetu, karibu na Katindo, walimuita hivyo. Nyumba yake ya mbao na nyumba yangu ya mbao zimeegemeana kama walevi wawili. Katikati ni ubao mumoja. Yeye akikohoa, mimi ninameza mate.

Alikuwa murefu, mukavu, na siku zote alikuwa na pini mudomoni. Alisema na watu bila kuzitoa, ndiyo maana maneno yake yalitoka membamba. Kazi yake kubwa ilikuwa kanzu za bibi harusi. Mabinti walitoka mupaka Munigi kuja kupimwa kwake, kwa sababu mushono wake haukufumuka hata ukicheza ngoma mupaka asubuhi. Lakini walikuja wakicheka na kurudi wamenyamaza. Nilikuwa ninawasikia kupitia ubao.

"Bwana anafanya kazi gani?" Mushonaji alikuwa anauliza, kamba ya kupimia ikiwa kiunoni mwa binti.

"Ni dereva, mama. Wa njia ya Butembo."

"Basi hapa pembeni nitashona na uzi mwepesi. Utairudisha tuikaze."

"Kwa nini tuikaze?"

"Utakonda."

"Mimi, mama? Mimi ninapenda kula."

"Mutu anayengojea hali. Anatafuna tu."

Nilimugombeza juu ya jambo lile. Nilimuambia, mudogo wangu, utafukuza wateja, binti anakuja na furaha yake na wewe unamupimia kaburi. Akasema hapimi kaburi, anapima kiuno. Na kusema ukweli, mumoja wa mabinti wale, aliyeolewa na askari wa kambi ya Katindo, alirudi na kanzu imekuwa gunia juu ya mifupa yake, akitaka ipunguzwe avae kwenye ubatizo wa mutoto. Mushonaji aliifumua pembeni. Binti alipoondoka, nilimusikia analia, na kisha nikamusikia anajigombeza: "Nyamaza, mujinga wewe. Si bwana wako."

Woga wake ulikuwa na mwanzo, na mwanzo wenyewe ni mufupi. Bwana yake alitoka asubuhi kwenda Kiwanja kununua maharagi. Alisema atarudi kesho. Hakurudi, na hakuna mutu aliyeleta habari, wala maiti, wala kiatu. Ni hiyo tu. Kama wangemuletea hata kiatu angelia, angekaa kwenye mukeka, watu wangekuja na sukari na makala, na baada ya siku za kilio angeamuka na kuoga. Lakini hakuna mutu anayekaa kilio cha mutu ambaye pengine anakunywa pombe ya kasiksi huko Kiwanja. Akaendelea kupika ya watu wawili. Kila jioni alifunika sahani ya bwana yake na sahani nyingine, na asubuhi alinipitishia juu ya ukuta wa mawe ile sahani. Watoto wangu walinona. Watu walisema Mama huyu anawalisha watoto wake vizuri, na mimi nilinyamaza, kwani ningesema nini? Walikuwa wanakula mutu asiyerudi.

Mimi, bwana yangu, Mungu amuhurumie, akichelewa nilikula sehemu yake na kulala usingizi wangu. Na alirudi kila mara. Siku moja nilimuambia Mushonaji hivyo, nikijisifu, kwa maana mimi ninajisifu, sikatai. Akatoa pini mudomoni, ndipo nikajua ni neno zito.

"Yaya, wewe ulipendwa. Mimi ndiye nilipenda. Si kazi moja."

Nilikasirika siku nzima. Jioni nikaangalia kiti cha marehemu bwana yangu na nikakasirika zaidi.

Sasa huyu Papa Chukudu. Alikuwa mujane, magoti makubwa, meno mazuri. Alishusha mizigo kutoka juu, kupitia Munigi, kwa chukudu yake, ile baiskeli ya muti isiyo na pedali: makala, viazi, mbao, kabeji, siku nyingine mbuzi amekaa mbele kama mukubwa ndani ya gari. Chukudu zote zinalia, lakini ya kwake ililia kwa gurudumu la nyuma, kama mutoto anayekataa kunyonya. Alipita mbele yetu kila jioni. Na kila jioni, kabla mimi sijasikia kitu, mashini ya Mushonaji ilinyamaza upande wa pili wa ubao.

Alimuogopa mwanaume yule kama mutoto anavyoogopa sindano. Nimeona kwa macho yangu. Gurudumu likilia kule kwenye kona, sindano iliingia kidole chake. Damu ilidondoka juu ya kitambaa cheupe cha watu. Hapo alitia uzi mudomoni, akautafuna na mate, akasugulia lile tone mupaka likatoka. Washonaji wanajua: damu yako inatoka kwa mate yako wewe, si kwa maji ya mutu mwingine. Ninafikiri hakuna bibi harusi wa avenue hii aliyeenda kanisani bila tone la woga wa Mushonaji lililofutwa kwenye kanzu yake.

Lakini mutu huyohuyo alihamisha kioo chake. Kioo cha wateja kilikuwa karibu na mulango, mahali penye mwangaza. Akakipeleka pembeni, kwenye giza, akasema pale ni pazuri zaidi. Niliingia siku moja, nikakaa kwenye kiti cha mashini, nikatazama: ndani ya kioo niliona barabara yote mupaka kona. Mutu alikuwa anashona amegeukia ukuta, mugongo kwa barabara, kama masista. Na ndani ya kioo anaona mupaka miguu ya kuku.

"Mudogo wangu," nikasema, "hiki kioo kinaangalia nini?"

"Kinaangalia wateja."

"Wateja wanakuja na chukudu siku hizi?"

"Yaya, enda ukapike."

Aligombeza mabinti waliosimama barabarani na simu wakingojea wavulana. Aliwaambia mupige magoti muombe, mapendo ni kama mulima wetu: ukitoa moshi unaogopa, usipotoa moshi unaogopa zaidi. Aliwaambia hivyo na kichwa chake kinangaa mafuta, kwa sababu ilikuwa siku ya Papa Chukudu kushusha makala.

Halafu siku moja Papa Chukudu akaleta kikwembe. Nilikuwa pale, nilikuwa nimeenda kuazima moto. Kilikuwa kikwembe kizuri, kitenge cha kijani, na miavuli ya manjano. Papa Chukudu alikiweka juu ya mashini, akarudi nyuma, akasimama kama mutu aliyeweka yai juu ya jiwe.

Kwetu mambo ya kikwembe yanajulikana. Mwanaume akikuletea, ukikirudisha, umekataa, na hakuna ugomvi. Ukikishona na kukivaa watu wakuone, umekubali, na kesho yake wanakuita bibi yake hata kama mahari bado. Hakuna mutu anayekiweka tu. Kukiweka bila kushona ni kama kushika mukono wa mutu na kumugeuzia mugongo.

"Mama Mushonaji," akasema, "hiki si kazi. Ni chako. Ukikishona nitajua. Ukikirudisha, nitajua pia."

"Na nikikiweka?"

"Hapo sitajua. Nitaendelea kupita."

Mushonaji alitoa pini mudomoni, moja moja, akazichoma kwenye mukono wa nguo yake.

"Hapana," akasema. "Sitaki mutu wa kungojea."

Alisema hivyo, na mikono yake miwili ilikuwa juu ya kile kikwembe, imekikamata. Papa Chukudu aliangalia mikono, si mudomo. Akasema jioni njema, akaenda.

"Basi kirudishe," nikamuambia. "Kimbia, hajafika kona."

"Mvua inataka kunyesha. Kitaloa."

Mbingu ilikuwa kavu kama sahani.

Akakiweka ndani ya sanduku, na kikakaa. Miaka ikapita juu yake. Papa Chukudu hakuchoka. Alisimama mara kwa mara pale kwenye ukuta wa mawe, akafuta jasho, akajaribu tena, kwa utani, maana alikuwa mutu wa utani.

"Mama, unaogopa nitakwenda nisirudi. Basi nitaacha barabara. Nitatengeneza chukudu za wengine hapahapa, mbele ya mulango wako. Nitakaa kama jiwe."

"Jiwe?" akasema Mushonaji kutoka ndani. "Mawe ya Goma yote yalitoka mulimani yakikimbia."

Tulicheka wote watatu. Kisha nikamuona Papa Chukudu anaangalia ukuta wangu, yale mawe meusi, na kicheko kikamukauka. Yeye naye nyumba yake ya kwanza ilimezwa na mawe hayo.

Na ile siku mulima ulipotema moto, watu tukakimbia na kile ambacho mukono ulishika kwanza. Mimi nilibeba sufuria na mujukuu. Mushonaji alibeba kichwa cha mashini juu ya kichwa chake. Tulipofika mahali pa kupumzika, akakishusha, na ile ngata aliyokuwa ameitia chini, ya kulinda kichwa, ilikuwa ya kijani na miavuli ya manjano. Aliacha karata yake ya uchaguzi. Aliacha viatu. Sikumuuliza. Alikuwa anaangalia watu wanaopita, mumoja mumoja, uso kwa uso, na kila chukudu iliyokuja na watoto juu yake ilimuinua kutoka chini, na kila moja ambayo haikuwa ile ilimukalisha tena. Mupaka tulipomuona Papa Chukudu amebeba muzee kilema. Mushonaji akageuka haraka, akaanza kufunga kamba za mashini ambazo hazikuwa zimefunguka.

Sasa ninafika kwenye mwaka wa fromaji.

Siku zile vita vilipoingia muji, tulilala chini. Mbao haizuii sasi ya bunduki, kila mutu anajua. Tuliegemeza magodoro kwenye ukuta, wajukuu wangu chini yangu kama kuku, na mimi nikihesabu pumzi zao kwa kugusa migongo. Papa Chukudu alikuwa amepanda kufuata makala, na njia ya Munigi ilikuwa imefungwa nyuma yake. Hakuna simu. Hakuna mutu wa kuuliza. Na katikati ya milio ile nikasikia kitu karibu sana, kwenye ubao. Taka-taka-taka-taka. Nilifikiri wako ndani kwake. Kisha nikatambua: ni mashini.

Nikatambaa mupaka kwenye ubao. "Wewe! Acha mashini. Watafikiri ni bunduki."

"Sijamaliza mukono, yaya."

"Mukono wa nini?"

Huko inje kitu kikaanguka na nyumba zote mbili zikatetemeka pamoja.

"Wa kikwembe," akasema.

"Leo? Leo ndiyo unamukubali?"

"Sijamukubali. Yaya, kama amekufa, nitaenda kwenye kilio chake na nguo gani? Dada zake watakaa ndani kwenye mukeka. Mimi wataniweka inje na majirani, kwenye kiti cha plastiki, wanipe chai. Nitalia kama nani? Kwa yule wa kwanza sikupata mukeka. Huyu sitamukosa."

Na mashini ikaanza tena.

Nimeogopa mengi katika maisha haya. Nimekimbia mara nyingi kuliko mbuzi aliyeona kisu. Lakini siku ile, kifua changu juu ya saruji, niliogopa kitu kingine kuliko masasi. Mwanamuke alikuwa anashona ruhusa ya kulia, na alikuwa anaishona vizuri, mushono wa harusi, usiofumuka.

Milio iliponyamaza, watu wakatoka na bidoni kutafuta maji. Mushonaji akatoka pia. Alivaa kikwembe chote: blauzi, sketi, na kitambaa cha kichwa. Alikuwa anaenda pale walipoweka wafu, kumutafuta. Mimi nilikuwa ninafunga viatu nimufuate, kwa kuwa mahali kama pale haendi mutu peke yake. Hapo gurudumu likalia kwenye kona.

Alikuja anavuta muguu, mugongo umepinda. Hakuwa na makala. Juu ya chukudu kulikuwa na fromaji moja kubwa, ambayo mutu aliyekuwa anakimbia huko Munigi alimuachia kwa sababu ilimulemea. Akafika kwenye lango. Akamuona Mushonaji amevaa miavuli yake kutoka kichwa mupaka kisigino. Watu wote wa bidoni wakasimama. Mwanamuke mumoja akatoa kigelegele, kisha akajiziba mudomo, maana nyumba ya tatu walikuwa na maiti.

"Umekishona," akasema Papa Chukudu.

Mushonaji akajiangalia, kifua, mikono, kama mutu aliyekutwa anaoga. "Nilijua umekufa."

"Sijafa."

"Ninaona."

"Basi imekuwa ndiyo?"

Midomo yake ilikuwa wazi. Hakuwa na pini.

"Hapana. Sitaki mutu wa kungojea."

Akaingia, akafunga na ule muti wa kufungia mulango. Sisi tukabaki pale na bidoni zetu. Papa Chukudu akacheka kidogo, akalia kidogo, akatoa panga, akaikata ile fromaji na kugawia watu wote waliokuwa barabarani. Ndiyo fromaji yangu ya kwanza. Tulikula chakula cha harusi bila harusi, tumesimama, na hakuna aliyejua kama apongeze au atoe pole.

Kutoka hapo watu waligombana. Kwenye bomba la maji wamoja walisema ni bibi yake, alivaa mbele ya macho yetu. Wengine walisema mudomo ulikataa. Mimi peke yangu nilijua jambo ambalo hawakuliona, kwa kuwa mimi ndiye ninaishi nyuma ya ubao. Mushonaji alikivaa kikwembe kila siku Papa Chukudu alipopanda kufuata mizigo. Gurudumu likilia kwenye kona jioni, anakivua haraka na kuvaa nguo ya kazi. Yule aliyekileta hakukiona tena.

Siku moja akaja kwangu, kofia mukononi. "Mama Mukubwa, nisaidie. Alikitupa? Alikiuza?"

Mimi sijui kuzunguka. "Anakivaa ukienda," nikamuambia. "Ukirudi anakivua."

Akakaa juu ya ukuta wa mawe.

"Basi kunipenda kwake ni kunizika."

"Ni hivyo."

"Sasa nifanye nini?"

"Rudi mapema."

Hiyo ndiyo akili yote niliyokuwa nayo, na mupaka leo sina nyingine.

Juzi hapa, siku ya mvua, alipanda kufuata viazi. Saa za kurudi zikafika, zikapita. Watu wa chukudu walioshuka walisema kule juu kuna barrière mupya barabarani, wanazuia wanaume. Jua lilikuwa linaingia kwenye moshi wa makala ya jioni. Nikamukuta Mushonaji amesimama kwenye ukuta wangu, upande wangu, si wake. Amezeeka. Mabega yamekuwa ya hanger. Amevaa kikwembe, na ile miavuli imepauka mupaka inafanana na maua. Chini ya kwapa alikuwa na ule muti wa kufungia mulango. Nafikiri alitaka kufunga ndani, miguu ikamuleta inje na muti wake.

"Ingia unywe chai," nikasema.

"Sina kiu."

"Basi kaa."

"Nikikaa sitasikia."

Nikaweka mukono juu ya mugongo wake. Moyo wake ulikuwa unapiga kama mashini. Mimi nami nikaanza kuogopa, bibi muzima, nimesimama ndani ya tope, ninaogopa juu ya bwana wa mutu ambaye si bwana wake. Chukudu moja ikapita. Nyingine. Zote kimya, magurudumu mapya ya watoto wa siku hizi.

Kisha akanyoosha shingo. Mimi sikusikia kitu. Akaniangalia, macho makubwa, akaegemeza ule muti kwenye ukuta wangu, akashika sketi yake kwa mikono miwili na kukimbia ndani kama binti aliyekutwa na baba yake. Mulango ukagonga. Ndipo mimi nikasikia gurudumu la nyuma linalia kwenye kona.

Papa Chukudu akasimamisha chukudu yake mbele ya mulango. Alikuwa amelowa, uso umevimba upande mumoja. Akanisalimia kwa kichwa. Akaona ule muti umeegemea kwenye ukuta wangu. Akaangalia mulango, akaangalia tena muti. Alijua, kama mimi nilivyojua, na kama yeye huko ndani alivyojua, kwamba mulango haukufungwa na kitu chochote, na kwamba mushonaji wetu hakuwa amepata nafasi ya kubadilisha nguo.

Hakusukuma. Akabisha, kwa kidole kimoja.

"Mama, nimerudi. Ni mimi. Niingie?"

Sauti ikatoka, nyembamba, kama vile pini zote zilikuwa zimerudi mudomoni:

"Hapana. Sitaki mutu wa kungojea."